Bohari Lililoshua Dola

Ukifika Matondoni kule Lamu, au Nungwi ya Unguja, siku jahazi linapoundwa, utaisikia kazi kabla hujaiona. Nyundo ya mti inagonga patasi butu, tak-tak, tak-tak, fundi akishindilia pamba iliyoloweshwa mafuta baina ya ubao na ubao. Kazi hiyo tunaiita kutia kalafati. Kaskazini mwa Italia, katika mji uliojengwa juu ya maji, walikuwako mamia ya mafundi walioifanya kazi hiyo hiyo kwa vifaa vya namna hiyo hiyo, na jina lao lilikuwa calafati. Neno limezunguka bahari yote ya Mediteranea, kwa Wagiriki, Waarabu, Waturuki na Wataliani, hata wanaisimu wanabishana nani alimpa nani. Sisi tulilipokea mikononi mwa Waarabu.

Jina la mahali pao pa kazi nalo si geni kwetu. Waarabu waliuita uwanja wa kuundia vyombo dar as-sina'a, nyumba ya kazi za ufundi. Dar ni ile ya Dar es Salaam, na sina'a ni ndugu wa sanaa yetu. Mabaharia wa Italia walilitafuna jina hilo hadi likawa darsena huku na arsenale kule, na Venezia ikalishika la pili. Kutoka hapo likaenea Ulaya nzima kwa maana ya ghala la silaha, likafika Woolwich, Uingereza, ambako wafanyakazi wa kiwanda cha silaha cha mfalme walianzisha timu ya mpira mwaka 1886. Hivyo shabiki wa Nairobi au Mwanza anayevaa jezi yenye mzinga kifuani amevaa neno la Kiarabu lililopitia Venezia, na sidhani kama amewahi kuambiwa.

Makala hii inakumbuka nyumba hiyo ya kwanza. Dola iliyoijenga, Jamhuri ya Venezia, ilifutika mwaka 1797. Katika siku zake za nguvu ilishika Krete kwa zaidi ya miaka mia nne, ikashika Kupro tangu 1489, na visiwa na bandari za upande wa mashariki wa Adriatiki hadi Corfu na kwingineko. Yote hayo yalitawaliwa na mji usiofika watu laki mbili, usio na shamba wala msitu ndani ya mipaka yake, uliokaa juu ya nguzo za miti zilizopigiliwa topeni. Ukiuliza uliwezaje, Wavenezia wenyewe wangekuonyesha ukuta mrefu wa matofali, upande wa mashariki wa mji.

Mapokeo yanasema Arsenali ilianza mwaka 1104. Wanahistoria wengi hawaamini sana tarehe hiyo, huiweka mwanzoni mwa karne ya 13. Lililo wazi ni kwamba mshairi Dante alipokuwa akiandika safari yake ya motoni, mwanzoni mwa karne ya 14, uwanja huo ulikuwa na sifa kiasi kwamba aliutumia kama mfano: wala rushwa wanachemka katika lami nyeusi kama ile iliyochemka Venezia wakati wa baridi, mafundi wakitengeneza vyombo visivyoweza kusafiri. Uwanja uliongezwa katika miaka ya 1320, ukaongezwa tena mwaka 1473, mpaka ukafika hekta 46 hivi. Lango kuu la mwaka 1460 lina simba wa Mtakatifu Marko juu yake. Penginepo simba huyo hushika kitabu kilichofunuliwa, chenye salamu ya amani. Hapa wengi huona kitabu kimefungwa, nao hutania kwamba maneno ya amani hayakufaa mlango huo.

Ndani ya ukuta kulikuwa na mji wa pili. Kulipopambazuka, kengele iliyoitwa Marangona ililia kutoka mnara wa San Marco, ikiwaita maremala, marangoni, ambao ndio walioipa jina. Katika karne za 16 na 17, siku ya kawaida, waliingia watu kati ya elfu moja na elfu mbili na zaidi. Walikuwamo maremala, watia kalafati, wapasua mbao, wachonga makasia, wachonga milingoti, wahunzi na wasokota kamba. Katika chumba cha peke yao, chini ya msimamizi mwanamke, wanawake walishona matanga. Watu hawa wote mji uliwaita arsenalotti, na mtaa wa Castello ulijaa nyumba zao.

Hawakuwa vibarua. Baraza Kuu la makabaila lilipokaa, wao ndio waliolinda nje. Doge, mkuu wa Jamhuri, akifa, wao ndio waliolilinda kasri mpaka mwingine achaguliwe, na akishachaguliwa walimbeba mabegani kuzunguka uwanja wa San Marco, yeye akirusha sarafu. Moto ukizuka mjini, walioitwa ni wao, maana nani mwingine ajuaye kupanda boriti na kushika shoka? Siku ya Kupaa walipiga makasia ya Bucintoro, chombo cha dhahabu ambamo Doge alitoka kuiposa bahari kwa pete. Aliyekishika chombo siku hiyo ni mkuu wao wa ufundi, Ammiraglio wa Arsenali. Hilo nalo ni neno tulijualo: ni amiri, yule yule wa Amiri Jeshi Mkuu, aliyevuka bahari akarudi na kofia ya kigeni.

Lakini tusiwapambe kupita kiasi. Dola iliwapa divai kazini, iliyozimuliwa kwa maji, kama sehemu ya haki yao, na katika karne ya 17 wageni walipelekwa kuitazama chemchemi ambayo divai ilibubujika humo kutwa. Gharama yake iliwaumiza kichwa makarani mwaka baada ya mwaka. Tena fundi aliruhusiwa kwenda nyumbani na vipande vya mbao vilivyobaki, kuni za kupikia. Basi jioni ubao mzima ulipotazamwa kwa jicho la huruma, ulikatwa ukawa kipande kilichobaki, ukapita langoni chini ya joho. Sheria za kukataza jambo hilo ziliandikwa mara nyingi, na kuandikwa mara nyingi ndiko kunakoonyesha kwamba hazikufuatwa.

Sasa ile hadithi ambayo kila mwongoza watalii huisimulia. Katika miaka ya 1430 alipita Venezia kabaila wa Castilla aitwaye Pero Tafur. Aliona merikebu ya makasia, galea, ikikokotwa katika mfereji wenye nyumba pande zote mbili. Kutoka dirisha hili zilitolewa kamba, kutoka lile mikate mikavu, kwingine silaha, kwingine vitu vingine, na chombo kilipofika mwisho wa mfereji kilikuwa na watu wake na kila kilichohitajika, kutoka omo hadi tezi. Anasema zilitoka galea kumi namna hiyo ndani ya saa sita. Julai 1574 mfalme Henri III wa Ufaransa alipotembelea mji, inasimuliwa kwamba alionyeshwa galea ikiunganishwa kwa muda wa mlo mmoja. Leo watu huandika kwamba Arsenali iliunda meli moja kwa siku, miaka mia nne kabla ya viwanda vya magari vya Marekani.

Haikuwa hivyo. Kuunda jahazi ni kuunda jahazi: kulaza mkuku, kusimamisha mataruma, kupigilia mbao, kutia kalafati, ni kazi ya miezi. Alichokiona Tafur ni kuvalishwa kwa chombo kilichokuwa tayari. Na hapo, kwa maoni yangu, ndipo ulipo ustadi wenyewe, nao ni mkubwa kuliko ule wa kasi. Venezia ilizoea kuunda magamba ya galea wakati wa amani na kuyaweka nchi kavu, chini ya mapaa, bila milingoti wala makasia. Katika karne ya 16 Seneti iliagiza akiba hiyo iwe galea 100. Vifaa vyao vilikaa ghalani, kila kimoja mahali pake: usukani, nanga, matanga, makasia. Vita vikipiga hodi, kazi iliyobaki ilikuwa kupaka, kuziba, kushua na kukokota mferejini. Adui aliyehesabu meli za Venezia baharini alikuwa amehesabu sehemu tu.

Kuweka akiba kama hiyo si jambo la hamu, ni jambo la daftari. Mwaka 1471 msitu wa mialoni wa Montello ulitengwa kwa ajili ya Arsenali peke yake, na mkulima aliyekata mti humo alijua ananyang'anya dola. Miti ya makasia ilitoka msitu wa Cansiglio. Katani ya kamba, mmea wa ukoo mmoja na bangi, zamani ilitoka mbali, bandari ya Tana kwenye mlango wa mto Don, na hata baadaye ilipolimwa karibu, kule Montagnana, nyumba ya kamba iliendelea kuitwa Tana. Nyumba yenyewe ilijengwa upya kati ya 1579 na 1585 na Antonio da Ponte, yule aliyejenga daraja la Rialto. Ina urefu wa mita 316, kwa sababu amari ya nanga husokotwa ikiwa imenyooka, na haiwezi kuwa ndefu kuliko chumba isokotwamo. Hata hivyo daftari halikushinda kila kitu. Mtu mmoja aliyeujua uwanja huo mwishoni mwa karne ya 16 alilalamika kwamba magogo yalirundikwa ovyo mno, hata kulitafuta gogo linalofaa kuligharimu mara tatu ya bei yake.

Galea yenyewe ilikuwa chombo chembamba, mita 40 kwa tano hivi, kifupi kimo, chenye wapiga makasia wapatao 150, watatu kwa benchi. Kwa muda mrefu watu hao walikuwa huru, wakilipwa na wakichukua silaha vita vikikaribia. Katikati ya karne ya 16 wafungwa waliotiwa minyororo walianza kuchukua mahali pao katika baadhi ya vyombo. Wasomi nao walivutwa na uwanja huo. Vettor Fausto, mwalimu wa Kigiriki, alijitwisha kufufua merikebu ya kale ya makasia matano kwa benchi, na mwaka 1529 ilishuliwa, ikakimbia vizuri, wazee wa kazi wakabaki wameshika ndevu. Galileo, alipokuwa akifundisha Padova, aliulizwa na Arsenali kuhusu mahali pa kukalisha kasia. Kitabu chake kikubwa cha mwisho, cha mwaka 1638, kinaanza kwa kuusifu uwanja huo na mafundi wake.

Mizinga ilikuwa na historia yake. Zamani ilisubiwa mahali pengine mjini, kwenye kisiwa kidogo mtaani Cannaregio, palipoitwa geto, yaani mahali pa kumiminia shaba. Kazi hiyo ilihamishiwa Arsenali katika karne ya 15, na mwaka 1516 Jamhuri ikawaamuru Wayahudi wa mji waishi hapo, malango yakifungwa usiku. Wengi wanakubali kwamba hapo ndipo neno hilo lilipopata maana yake ya huzuni duniani. Kijana wa Dar es Salaam anayekualika getoni kwake, chumba kimoja chenye godoro na spika, hana habari na kalibu ya mizinga. Ndani ya Arsenali ukoo wa Alberghetti ulisubu mizinga ya shaba vizazi kwa vizazi, baba akimwachia mwana siri za mchanganyiko. Kasiba za bunduki zilitoka bonde la Trompia, karibu na Brescia. Iko stakabadhi ya Oktoba 1526: dukati 296 kwa Bartolomeo Beretta, kwa kasiba 185. Ukoo huo unauza silaha mpaka leo.

Na kwa kuwa tumeitaja bunduki: Waarabu huuita mji wa Venezia al-Bunduqiyya. Wapo wanaodai silaha ilipata jina kutokana na mji. Ni hadithi tamu, lakini wajuzi wengi wa lugha huelekeza kwenye bunduq, kokwa ndogo ngumu ya tunda, jina lililopewa pia vigololi vya udongo vilivyorushwa kwa upinde kabla baruti haijaenea. Majina mawili yamekutana njiani, yakafanana sura.

Kuhusu jeshi la nchi kavu sina mengi, na sidhani lilistahili mengi. Venezia iliamini bahari na kukodi watu wa bara. Makamanda wake wakuu walikuwa mamluki, na mmoja wao, Bartolomeo Colleoni, aliiachia Jamhuri mali yake kwa sharti sanamu yake isimamishwe mbele ya San Marco. Wakuu walizichukua fedha, wakaisimamisha mbele ya jengo la chama cha San Marco, mtaa mwingine kabisa. Mei 1509, huko Agnadello, jeshi hilo lilivunjwa kwa siku moja na karibu miliki yote ya bara ikatoweka kwa muda. Waliokuwa na sifa ya uaminifu ni wale waliotoka ng'ambo ya Adriatiki: stradioti, wapanda farasi wepesi wa Kialbania na Kigiriki, na askari wa miguu wa Dalmatia walioitwa Schiavoni, ambao upanga wenye kikapu cha chuma cha kulinda kiganja umebaki na jina lao.

Usiku wa Septemba 1569 ghala la baruti la Arsenali lililipuka. Habari zilizofika Istanbul zilisema manowari za Venezia zimekwisha. Kwa kweli ziliteketea galea nne tu, lakini mwaka uliofuata Sultani Selim II wa Waosmani alidai Kupro, na alipokataliwa akaivamia. Arsenali ikafungua mapaa yake. Magamba yaliyokaa makavu miaka mingi yalishuliwa moja baada ya jingine, mfululizo. Yakatolewa pia majitu yaliyosahaulika, galea kubwa za biashara ambazo wafanyabiashara hawakuzitaka tena. Sita kati yake zilijazwa mizinga pande zote, zikaitwa galeasa.

Tarehe 7 Oktoba 1571, huko Lepanto kwenye pwani ya Ugiriki, meli za muungano wa Kikristo zilikuwa zaidi ya 200, zaidi ya nusu yake za Venezia. Galeasa zilikokotwa mbele ya mstari, maana zilikuwa nzito mno kujiendea haraka. Galea za Waosmani zilipojaribu kuzipita, mizinga ilizipiga ubavuni na safu ikachanguka kabla ya kukutana ana kwa ana. Agostino Barbarigo, aliyeongoza bawa la kushoto, alipigwa mshale jichoni, akafa baada ya ushindi. Zaidi ya meli mia moja za Waosmani zilitekwa.

Famagusta, mji wa mwisho wa Kupro, ulikuwa umekwisha kuanguka mwezi Agosti, na kamanda wake, Marcantonio Bragadin, alichunwa ngozi akiwa hai. Nacho kisiwa hakikurudi. Majira ya baridi yaliyofuata uwanja wa Istanbul uliunda meli mpya kwa wingi, na kufika masika Waosmani walikuwa tena na jeshi kubwa la baharini. Uwanja huo waliuita tersane, na jina hilo nalo ni dar as-sina'a ile ile iliyozunguka mlango wa nyuma. Bohari lilikuwa limekutana na bohari. Mwaka 1573 Venezia ilitia saini amani na kuiacha Kupro.

Baada ya hapo akiba ikageuka mzigo. Dunia ilikuwa inahamia meli za matanga zenye safu za mizinga ubavuni. Tangu Vasco da Gama apite Malindi mwaka 1498 na kuvushwa hadi Calicut, pilipili ilikuwa na njia nyingine, na njia hiyo haikuwa ya makasia. Lakini mtu mwenye galea mia chini ya paa huona uchungu kuzitupa. Katika vita virefu vya Krete, vilivyokwisha mwaka 1669 kwa kupotea kwa kisiwa, Jamhuri ilikodi meli za Waingereza na Waholanzi. Arsenali ilishua meli yake ya kwanza ya vita ya aina hiyo mwaka 1667, kwa kuiga chombo cha Kiingereza. Mwaka 1687 kamanda wa Venezia, Francesco Morosini, alipiga mizinga Athens na baruti iliyohifadhiwa na Waosmani ndani ya hekalu la Parthenoni ikalipuka. Alirudi na simba wa marumaru kutoka bandari ya Piraeus, akawaweka langoni. Mmoja amechanjwa mabegani maandishi ya watu wa Skandinavia, walioajiriwa vitani huko karne nyingi kabla. Ngawira juu ya ngawira.

Meli za mwisho zilizostahili jina zilitoka na amiri Angelo Emo, aliyeipiga mizinga pwani ya Tunis katika miaka ya 1780. Aprili 1797 ngome ya Sant'Andrea iliifyatulia meli ya Kifaransa iliyojaribu kuingia, nahodha wake akafa. Huo ndio ukawa mwisho wa mizinga ya Jamhuri kusema. Tarehe 12 Mei, Baraza Kuu likiwa katika kupiga kura ya kujivunja kwa matakwa ya Bonaparte, jenerali wa Ufaransa, milio ya bunduki ilisikika nje. Walikuwa Schiavoni, wakirudishwa kwao, wakipiga salamu ya kuiaga bendera. Wajumbe walidhani ni mapinduzi, wakapiga kura mbio mbio, wakatoroka kwa milango ya nyuma.

Wafaransa walipoukabidhi mji kwa Waaustria, Januari 1798, walikuwa wamelikomba bohari. Vyombo vilivyofaa vilichukuliwa, vingine viliharibiwa. Bucintoro ilivunjwavunjwa, na mapambo yake yakachomwa kisiwani San Giorgio ili dhahabu ipatikane majivuni. Gamba lililobaki lilitiwa mizinga, likaitwa Hydra, likakaa likilinda mlango wa bahari hadi 1824.

Arsenalotti walionekana mara moja zaidi. Tarehe 22 Machi 1848 walimuua mkubwa wao, Kanali Marinovich wa jeshi la Austria, na kabla ya jua kutua kiongozi wa mapinduzi, Daniele Manin, alikuwa na Arsenali mikononi, na mji ukajitangaza tena jamhuri. Ilidumu mwaka mmoja na nusu hivi.

Leo sehemu ya uwanja iko chini ya jeshi la maji la Italia, na nyumba ya kamba imekuwa ukumbi wa maonyesho ya Biennale tangu 1980. Kwa wengi duniani jina la uwanja sasa halisemi kitu zaidi ya silaha. Mswahili akisoma dar as-sina'a atadhani uliitwa hivyo kwa ajili ya picha zinazotundikwa humo. Nguzo za matofali zimepangwa safu mbili, mita 316, na mgeni akisimama mlangoni hauoni ukuta wa mwisho vizuri.